Filamu za kutafsiriwa Uvira: picha zimechakaa, sauti bado ipo

Filamu ya Kifaransa Yamakasi ilitoka mwaka 2001. Jina lake refu linawaita vijana wake samurai wa nyakati za leo, kwa hiyo mtu wa mbali anaweza kudhani kwamba neno lenyewe ni la Kijapani. Hapa Kilibula halihitaji kamusi. Ni Lingala, ya makasi, yaani ya nguvu. Kundi la vijana wa vitongoji vya Paris, wengine wao watoto wa familia zilizotoka Afrika, walijipa jina hilo miaka ya 1990, walipokuwa wakiruka kutoka ukuta hadi ukuta na kupanda maghorofa bila kamba.

Baada yake ikaja Banlieue 13 mwaka 2004, akicheza ndani yake David Belle, mmoja wa walioanzisha mchezo huo wa kuruka kuta. Kutoka Marekani ilikuwapo Point Break ya mwaka 1991, iliyoongozwa na Kathryn Bigelow, yenye majambazi wanaoteleza juu ya mawimbi ya bahari na kujirusha kutoka ndegeni. Halafu xXx ya mwaka 2002, ambamo Vin Diesel anakimbizwa na poromoko la theluji akiwa juu ya ubao. Hizi ni filamu za michezo ya hatari. Maneno ni machache, mwili ndio unaosema, na wengi hudhani kwamba filamu ya namna hiyo inaeleweka popote bila mtu wa kuieleza.

Historia ya filamu hizi kwenye mwambao wa kaskazini wa Tanganyika inasema vingine. Ndizo zilizoharibika zaidi njiani, na ndizo zilizomhitaji zaidi msimuliaji.

Kueleza filamu kwa Kiswahili hakukuanza na kaseti. Kati ya mwaka 1935 na 1937 Waingereza waliendesha jaribio lililoitwa Bantu Educational Kinema Experiment, kituo chake kikiwa Vugiri, kwenye milima ya Usambara huko Tanganyika. Walipiga filamu fupi 35 za mafundisho, za kilimo, afya na mambo ya fedha, kisha lori likazunguka nazo Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Ili kupunguza gharama walitumia utepe mwembamba wa milimita 16 badala ya ule wa milimita 35 wa majumba ya sinema. Maneno hayakuwekwa kwenye utepe wenyewe. Yalirekodiwa kwenye sahani za gramafoni, kwa Kiswahili na kwa lugha nyingine za njiani. Sindano ikiruka, picha inaenda na njia yake na sauti inaenda na yake.

Upande huu, wakati wa Kongo ya Wabelgiji, sinema ya watu wa kawaida ilikuwa zaidi mikononi mwa misheni na serikali. Bukavu ilikuwa na kituo cha Africa Films cha Padri Roger De Vloo, wa shirika la Mapadri Weupe. Mara nyingi filamu za misheni zilionyeshwa mbele ya umati uwanjani usiku, na mtu wa kueleza akisimama karibu na mashine kwa lugha ya watu. Padri alichagua picha. Aliyeshika maikrofoni alichagua maneno, na hilo si jambo dogo.

Kisha ikaja kaseti. VHS ilianza kuuzwa Japani mwaka 1976, na miaka iliyofuata ilienea hadi huku, ikitazamwa kwenye nyumba za wenye uwezo na kwenye vyumba vya video vya kulipia, vyenye benchi, televisheni moja na jenereta nyuma ya ukuta. Hapo watu wa Uvira walikutana na tatizo lililokuwa limepangwa mbali sana nao. Nchi za eneo hili hazikurithi mfumo mmoja wa rangi. Zaire na Burundi zilifuata SECAM ya Wafaransa. Tanzania, Kenya na Uganda zilifuata PAL. Kaseti ya kutoka Kigoma, ikitiwa kwenye mashine na televisheni za SECAM pekee, ilitoa picha nyeupe na nyeusi. Kaseti haikuwa mbovu wala muuzaji hakuwa mwizi. Rangi ilikuwa imeandikwa kwa namna ambayo televisheni haikujua kuisoma. Baadaye televisheni za mifumo yote zilimaliza shida hiyo, lakini kwa miaka mingi ziwa hili lilikuwa pia mpaka wa rangi.

Shida nyingine haikumalizwa na televisheni yoyote. Kaseti ya VHS inaonyesha takriban mistari 240 ya undani kwa upana, chini sana ya kile kilichopigwa na kamera. Ukinakili kaseti kwenda kaseti, chenga zinaongezeka na rangi zinavuja nje ya mipaka yake. Ukinakili ile nakala, uharibifu unajilimbikiza. Sasa mtu anayetaka kuweka sauti yake juu ya filamu hana budi kurekodi upya: mashine moja inacheza, maikrofoni na filamu zinaingia pamoja kwenye mixa, mashine ya pili inarekodi. Maana yake kaseti iliyotafsiriwa ilizaliwa tayari ikiwa nakala. Hata siku ya kwanza sokoni, filamu ya kutafsiriwa ilikuwa hatua moja nyuma ya ile isiyotafsiriwa, na aliyetaka kuelewa alilipia ufahamu wake kwa macho.

Kazi hiyo ya kuweka sauti ilikua sana Uganda, kwenye vibanda vya Kampala, ambako wasimuliaji walizungumza Kiganda papo hapo mbele ya watazamaji kabla ya kuanza kuuza sauti zao kwenye kaseti na diski. VJ Jingo ni mmoja wa waliojulikana mno. Dar es Salaam jina kubwa lilikuwa Derek Mukandala, aliyeitwa Lufufu, ambaye kaseti zake za Kiswahili zilisambaa katika miaka ya 2000. Kenya ina DJ Afro. Rwanda na Burundi filamu hizi huitwa agasobanuye, neno linalotokana na kueleza, na Nkusi Thomas, maarufu Yanga, aliyefariki mwaka 2022, ndiye aliyewazoesha Wanyarwanda wengi sauti hiyo.

Wasimuliaji wa Dar es Salaam wamewahi kuifananisha kazi yao na kugeuza wali kuwa pilau. Mfano huo ni wa haki. Msimuliaji hatafsiri neno kwa neno. Anataja jina la mwigizaji tena na tena hata kama mhusika anaitwa vingine, anaeleza kwa nini huyu ana hasira na yule, anatangulia kusema kitakachotokea, anacheka, anatukana kidogo, anampa mbabe wa Los Angeles tabia za kijana wa mtaani. Kwenye filamu ya mazungumzo marefu analazimika kukimbizana na waigizaji. Kwenye filamu ya michezo ya hatari waigizaji wananyamaza kwa dakika nyingi, na hapo uwanja ni wake. Anatangaza kuruka kutoka ndegeni kama vile mtangazaji wa redio anavyotangaza mpira, na aliyekaa benchi la nyuma anajua nani yuko juu na nani ameanguka.

Uvira ilipata filamu kwa njia mbili kubwa. Mashua na meli zilileta mzigo wa Kigoma hadi Kalundu. Njia ya barabara kupitia Kavimvira na Gatumba ilileta mzigo wa Bujumbura, mji ulio chini ya kilomita 30. Kwa hiyo filamu ileile iliweza kupatikana kwa Kifaransa, kwa Kiswahili cha Dar es Salaam, au kwa Kirundi na Kinyarwanda. Toleo la Kifaransa ndilo lililokuwa bora kwa ufundi. Lilitengenezwa studio, waigizaji wa Kifaransa wakichukua nafasi ya sauti za mwanzo tu, huku muziki na milio vikiachwa vilivyo, kwa sababu kampuni za filamu huhifadhi muziki na milio kando na maneno. Msimuliaji wa Kiswahili hakuwa na kitu kama hicho. Kila anapofungua mdomo, filamu nzima inashushwa sauti, injini, mawimbi na risasi pamoja. Lakini toleo la Kifaransa liliwaacha nje wengi ambao hawakupita shuleni, hasa akina mama na wazee, na chumba cha video si mahali pa mtihani. Kiswahili cha Dar nacho si kile cha Uvira. Kilieleweka, kikachekesha, na vijana wakaokota maneno yake.

Kufika mwishoni mwa miaka ya 1990 na kuingia ya 2000, kaseti ilianza kuachia nafasi diski. Ya kwanza ni VCD, ambayo kanuni zake ziliwekwa mwaka 1993. Picha yake ina nukta 352 kwa 288, na video hupewa takriban kilobiti 1,150 kwa sekunde. Diski moja inabeba dakika 74, kwa hiyo filamu ya kawaida ilikuja na diski mbili na watazamaji walisubiri katikati ya vita mtu abadilishe. VCD haikupungua ubora kwa kunakiliwa, na hilo lilikuwa jipya kabisa. Hata hivyo filamu nyingi za kutafsiriwa zilizoingia kwenye diski zilitoka kwenye kaseti, pamoja na chenga zake zote, na sasa chenga hizo zikabanwa ndani kwa kudumu.

Hapa inafaa kueleza kubana ni nini, kwa sababu ndiyo sababu ya filamu za michezo ya hatari kuumia kuliko nyingine. Video haihifadhiwi picha nzima baada ya picha nzima. Inafanana na barua kwa ndugu aliye kambini Nyarugusu. Barua ya kwanza inaeleza nyumba yote, na barua zinazofuata zinataja mabadiliko tu: mlango umehama, mti umekatwa. Mashine inagawa picha katika miraba midogo na kuandika ni mraba upi umesogea na upi umebaki. Watu wawili wakizungumza mezani, mabadiliko ni midomo na macho, na data chache zinatosha. Lakini mtu akiteleza ndani ya povu la wimbi, au theluji ikiporomoka, au kamera ikitikisika juu ya pikipiki, kila mraba unabadilika kila wakati. Barua inataka kuwa ndefu na karatasi ni ileile. Mashine inaanza kukadiria. Povu linakuwa vigae, uso wa mwigizaji unakuwa vipande vitatu vya rangi, na mwili unaoruka unaacha mkia nyuma yake. Picha inavunjika pale hasa ambapo mtu alilipa kuja kuitazama.

DVD ilipaswa kutibu hilo. Ilitoka Japani mwaka 1996, ikiwa na nukta 720 kwa 576 kwenye mfumo wa PAL, mara nne ya VCD, na nafasi ya gigabaiti 4.7. Tena ilikubali hadi njia nane za sauti, kwa hiyo filamu moja ingeweza kubeba Kiingereza, Kifaransa, Kiswahili na Kirundi bila kugusana, na kila mtu akachagua kwa rimoti. Nafasi hiyo haikutumika hivyo. Soko lilichagua wingi, zikaja diski za filamu nyingi pamoja, kumi, hata ishirini, jalada likiwa limejaa nyuso. Hesabu yake ni fupi. Gigabaiti 4.7 zikigawanywa kwa filamu ishirini, kila moja inapata kama megabaiti 235. Kwa filamu ya dakika 100 hiyo ni kama kilobiti 313 kwa sekunde, picha na sauti pamoja, karibu robo ya kile VCD iliipa picha peke yake. Mbinu mpya za kubana zilisaidia, lakini hazifanyi miujiza mbele ya maporomoko ya theluji.

Mtu asiwacheke walionunua. Kwa bei ya diski moja familia ilipata jioni za mwezi mzima, katika mji ambao umeme wa SNEL haukuwa wa kutegemewa.

Baada ya diski ikaja simu. Faili za 3GP za simu ndogo zilikuwa na nukta 176 kwa 144 tu, na picha chache kwa sekunde, kiasi kwamba mtu anayeruka ukuta alionekana upande huu, kisha upande ule, bila safari ya katikati. Vijana waliweka filamu kwenye kadi ya memori kwa malipo madogo katika maduka ya kuchaji simu. Mbinu ya H.264 ya mwaka 2003 ilipofika kwenye simu za kawaida, ubora ulipanda sana bila faili kukua. Ile iliyoifuata, H.265 ya mwaka 2013, inabana zaidi, ila simu na televisheni nyingi za zamani haziifahamu. Zikifunguliwa faili hizo, mara nyingi sauti inasikika na kioo kinabaki cheusi. Kama filamu imesimuliwa, watu bado wanaweza kuifuata. Wanaisikiliza kama redio.

Jambo hilo la kioo cheusi linaonyesha wapi palipo na thamani. Point Break haitapotea. Kampuni zina utepe wake wa mwanzo, na leo inauzwa kwa picha safi kuliko ile iliyoonekana kwenye majumba mengi ya sinema mwaka 1991. Kinachoweza kupotea ni sauti ya Kiswahili. Sauti hiyo haikuhifadhiwa kando, imeungana na nakala mbovu, na nakala hiyo iko kwenye kaseti yenye ukungu, diski iliyokwaruzwa, au kadi ya memori iliyopangusika.

Na hapa Uvira vitu vya nyumbani havijapewa muda wa kuzeeka kwa amani. Vita vya Oktoba 1996 vilisukuma watu wengi wa Uvira na Fizi kuvuka ziwa, na kambi ya Nyarugusu ilifunguliwa mwaka huohuo. Vita vya 1998 vikafuata. Aprili 2020 mto Mulongwe ulifurika usiku, ukabomoa nyumba na kuua watu. Maji ya ziwa yakapanda miaka iliyofuata. Mwaka 2025 maelfu walivuka tena kuelekea Burundi. Anayekimbia na watoto habebi sanduku la kaseti. Kadi ya memori ndiyo inayosafiri, kwa sababu imo tayari ndani ya simu, na ndiyo inayofutwa kwanza pale nafasi inapotakiwa kwa picha za ndugu.

Hakuna ofisi itakayozitunza. Wasimuliaji wengi walifanya kazi bila ruhusa ya wenye filamu, na RDC ina sheria ya haki za waandishi tangu Aprili 1986, kama majirani wana zao. Dar es Salaam mwaka 2017 waigizaji wa filamu za Tanzania waliandamana Kariakoo wakilalamikia filamu za nje zinazouzwa bei ya chini, na walikuwa na hoja: msanii wa nyumbani hawezi kushindana na kazi ambayo muuzaji hakuilipia. Lakini sheria inayomlinda mwenye picha haikuacha mlango kwa aliyetia maneno, na makumbusho au maktaba inaogopa kupokea kitu chenye kesi ndani yake. Kwa hiyo mtunzaji amebaki ni familia.

Kwa familia yenye faili kama hizo, kosa la kawaida ni kuzibana upya ili zipungue. Kunakili faili kutoka kadi kwenda flashi hakupunguzi kitu. Kuibadilisha kwa programu ya simu, au kuituma kwa njia inayobana video yenyewe, ni kuandika barua ya barua: miraba ya zamani inachukuliwa kama sehemu ya picha na miraba mipya inaongezwa juu yake. Sauti nayo inakwaruzwa kila mara. Kama nafasi haitoshi kabisa, ni afadhali kutoa picha na kubakiza sauti. Dakika 90 za sauti, kwa kilobiti 64 kwa sekunde, ni kama megabaiti 43, kidogo kiasi cha kukaa kwenye simu yoyote.

Sauti iliyotolewa hivyo inaweza siku moja kuwekwa juu ya picha safi iliyonunuliwa kwa halali, lakini haitakaa vizuri mara moja. Filamu hupigwa kwa picha 24 kwa sekunde, na kaseti za PAL na SECAM huicheza kwa 25. Filamu ya dakika 120 inakwisha kwenye kaseti baada ya dakika 115 hivi. Msimuliaji aliyerekodi juu ya kaseti aliifuata kasi hiyo, kwa hiyo mbele ya picha ya kasi ya kweli atatangulia kidogo kidogo, hadi amtangaze mwanariadha kuwa ameanguka wakati bado yuko mlangoni mwa ndege. Sauti inabidi inyooshwe kwa asilimia nne, kisha ikatwe pale diski ya kwanza ilipokwisha na ya pili ikaanza. Programu za bure za kompyuta zinafanya hivyo, na zinaweza kuizuia sauti ya msimuliaji isizidi kuwa nzito anapozungumza polepole kuliko alivyozungumza siku ile.